Wambuti wa Ituri: Wana wa Msitu au Wategemezi wa Kijiji?

Tarehe 15 Julai 2022 Rais Félix Tshisekedi alitia saini sheria namba 22/030, inayolinda haki za wazawa wa msituni ambao Kifaransa cha serikali ya Kongo huwaita Pygmées. Sheria hiyo inagusa elimu, afya, utamaduni na, jambo zito kuliko yote, ardhi wanayoikalia na kuitumia. Hapo ndipo watu wanapochanganyikiwa. Ardhi ipi? Mtu akienda leo kwenye msitu wa Ituri anaweza kumkuta mwanamke wa Kimbuti akipalilia shamba la muhogo la jirani yake mkulima. Baada ya wiki mbili mwanamke yuleyule yuko mbali ndani ya msitu, anapiga kelele na kutikisa vichaka ili paa wakimbilie kwenye wavu wa mumewe. Msimu ukibadilika, yuko kando ya barabara ya Mambasa na asali ya kuuza. Yupi kati ya hao watatu ndiye Mmbuti wa kweli?

Kwa miaka mingi majibu mawili yameshindana. La kwanza linasema Wambuti ni wana wa msitu kwa ukamilifu, wamejitosheleza humo tangu zama za kale, na kila kinachotoka kijijini kinawaharibu. La pili linasema bila ndizi na muhogo wa wakulima wangekufa njaa, kwa hiyo hadithi ya maisha ya msituni ni ndoto ya wasomi wa Ulaya na Marekani.

Mabishano hayo hayaishii vyuoni. Anayelishika jibu la kwanza hufika haraka kwenye hoja kwamba watu hawa hawahitaji zahanati wala shule. Anayelishika la pili hufika haraka kwenye hoja kwamba hawana ardhi ya kudai, maana ni vibarua wa wenye mashamba. Kwa njia zote mbili, Mmbuti ndiye anayepoteza.

Jina, lugha na mahali

Msitu wa Ituri uko kaskazini-mashariki mwa Kongo, na eneo lake ni takribani kilomita za mraba 60,000. Wakazi wake wawindaji huitwa kwa jumla Bambuti, au Wambuti kwa Kiswahili cha mashariki zaidi, lakini ndani ya jina hilo mna makundi kadhaa. Waefe wanaishi kaskazini na mashariki, huwinda hasa kwa upinde, na lugha yao ni ndugu wa karibu wa Kilese, lugha ya majirani zao wakulima. Wasua wa katikati na kusini ndio mabingwa wa nyavu, nao husema lugha za Kibantu za majirani zao, kama Kibila na Kibudu. Waasua wa kaskazini-magharibi wana lugha yao wenyewe, yenye udugu na Kimangbetu. Jambo hili la lugha lishikwe vizuri, kwa kuwa litarudi katika hoja: watu wanaotajwa kuwa waliishi peke yao tangu zamani wanazungumza lugha zilizofungamana na za wakulima.

Kiswahili nacho kimo humo. Mwaka 1887 Henry Morton Stanley alipopenya Ituri akimtafuta Emin Pasha, alimkuta kando ya mto Ituri mfanyabiashara wa pembe za ndovu na watumwa kutoka upande wa Zanzibar, maarufu kwa jina la Ugarrowwa, amekwisha kujenga kambi yake. Wangwana na Wamanyema wa misafara ya biashara hiyo waliacha nyuma makovu ya uvamizi, na wakaacha pia lugha. Kingwana, Kiswahili cha huko, ndicho kinachowaunganisha leo Wambuti, wakulima, askari na wachuuzi. Kwa hiyo msomaji wa Kiswahili hatazami mambo ya wageni kabisa. Historia yake imo ndani ya msitu huo, hata kama haipendezi.

Neno mbilikimo ni sehemu ya urithi huohuo. Wasafiri wa pwani walilitumia kwa watu wafupi wa bara waliosimuliwa katika hadithi kabla ya kuonwa, na limebaki kunuka maajabu na dharau. Linamtaja mtu kwa kimo chake, na halisemi lolote kuhusu kazi yake, ukoo wake wala nchi yake. Wambuti wana jina lao, na makala hii inalitumia.

Siku kambini

Kambi ya msituni huwa ya familia chache tu, na vibanda vyake hujengwa na wanawake. Miti myembamba huchomekwa ardhini kwa duara, ikapindwa na kufungwa juu, kisha majani mapana ya mangongo yakapangwa kama vigae kuanzia chini kwenda juu. Kazi hiyo huisha kwa saa chache. Kibanda hakikusudiwi kudumu, kwa kuwa kambi yenyewe itahama baada ya wiki kadhaa, wanyama wa karibu wakishapungua. Mwanamke akigombana na jirani, anaweza kuuhamisha mlango wa kibanda chake ukatazama upande mwingine. Kambi nzima itakuwa imepata habari bila neno kusemwa.

Kwa wenye nyavu, siku ya kuwinda ni kazi ya kambi nzima. Kila mume ana wavu wake, uliosukwa kwa kamba za mmea utambaao uitwao kusa, wenye urefu wa makumi ya mita na kimo cha kiuno cha mtu. Nyavu huunganishwa zikafanya nusu duara kubwa. Wanaume hunyamaza nyuma ya nyavu. Wanawake na watoto huingia upande ulio wazi wakipiga kelele, na mboloko, yule paa mdogo wa buluu, hutimka na kunasa. Hapo hakuna uwindaji wa mwanaume peke yake: bila wanawake wa kukurupusha, wavu ni kamba tu. Waefe hufanya vingine. Hutumia mishale ya ncha za chuma kwa wanyama wa chini na mishale ya sumu kwa nyani na kima walioko juu ya miti, na mbwa wao huvaa njuga za mbao ili wafuatwe kwa sauti.

Mnyama aliyepatikana ana mwenyewe, naye ni mwenye wavu. Umiliki huo lakini hauna maana ya kula peke yako. Aliyemshika mnyama ana fungu lake, aliyeazima wavu humpa mwenye wavu haki yake, na vipande vilivyobaki hupita kutoka kibanda hadi kibanda mpaka usiwepo moto usiopika nyama. Hakuna chifu wa kugawa. Mbinafsi huchekwa hadharani, huigizwa mwendo na sauti yake, na mara nyingi kicheko hicho hutosha.

Watoto nao ni wa kambi. Watafiti walioishi na Waefe katika miaka ya 1980 waliona mtoto mchanga akipita mikononi mwa watu wengi kwa siku, kwa wastani zaidi ya 10, na wanawake wengine wakimnyonyesha mbali na mama yake. Wakikua kidogo wanahamia bopi, uwanja wao wa michezo, wanakojifunza kupanda miti na kutatua ugomvi bila wakubwa kuingilia. Wazazi wenye watoto wadogo huepuka nyama za wanyama fulani, waitwao kuweri, kwa kuamini kwamba zitamletea mtoto maradhi. Ichikawa Mitsuo, mtafiti wa Kijapani aliyeishi kwa muda mrefu na Wambuti wa nyavu, aliandika kwa kina juu ya miiko hiyo.

Ikifika asali, kati ya Juni na Agosti, maisha hubadilika. Nyavu huwekwa kando. Wanaume hupanda miti mirefu wakiwa na shoka na kaa la moto lililofungwa kwenye majani ili kuwafukiza nyuki. Katika wiki hizo asali hugeuka kuwa chakula chenyewe, si kitoweo cha anasa.

Hoja ya kwanza: msitu ni baba na mama

Aliyeipa nguvu picha ya wana wa msitu ni Colin Turnbull, Mwingereza aliyefika Epulu, ndani ya msitu wa Ituri, mara ya kwanza mwaka 1951, kwenye kambi ya Mmarekani Patrick Putnam, na kurudi mara kadhaa kabla ya kuchapisha The Forest People mwaka 1961. Kabla yake kasisi Paul Schebesta alikuwa amewachunguza Wambuti tangu 1929, lakini kitabu cha Turnbull ndicho kilichosomwa duniani.

Hoja yake ilikuwa ya imani kuliko ya tumbo. Wambuti, alisema, hujiita watoto wa ndura, yaani msitu, na huuita msitu baba au mama kwa kuwa huwapa chakula, nguo na joto. Jambo baya likitokea, kifo au uwindaji mbaya, maana yake msitu umelala. Ndipo huimbwa molimo, usiku baada ya usiku, na baragumu huvuma gizani ili msitu uamke na kuwatazama watoto wake. Msichana akivunja ungo huadhimishwa kwa elima, unyago wa nyimbo na furaha, wakati ambapo wasichana huwachapa vijana wa kiume kwa fimbo. Turnbull alieleza pia kwamba Mmbuti ana nyuso mbili: kijijini hutii, huinamisha kichwa, huomba, akirudi msituni humwigiza mwanakijiji na kumcheka.

Nguvu ya hoja hii ni kwamba ilimsikiliza Mmbuti mwenyewe, akizungumza mahali alipo huru. Mtu anayechunguza kwa kukaa kijijini peke yake ataona mtumishi tu. Udhaifu wake ni kwamba Turnbull alipenda mno alichokiona. Kwake wanakijiji ni watu wenye hofu na ubahili, na msitu ni amani tupu. Hesabu ya chakula kilichotoka shambani ikapewa nafasi ndogo.

Hata hivyo yeye mwenyewe aliandika jambo linaloharibu picha yake. Baragumu la molimo alilokuwa akilisubiri kwa hamu, akitarajia chombo cha kale kilichochongwa kwa heshima, lilikuwa bomba la chuma lililotoka kwenye ujenzi wa barabara. Aliposhangaa, wenyeji walimshangaa yeye. Kwao kilichohusu ni sauti. Bomba halikuoza, na halikuhitaji kuchongwa upya. Katika kitabu kizima huenda hakuna ushahidi bora kuliko huo kuhusu jinsi Wambuti wanavyokitazama kitu cha kigeni: kikifaa kwa kazi ya msitu, basi ni cha msitu.

Hoja ya pili: msitu hauna wanga

Pigo kubwa lilitoka kwa wanaikolojia. Terese na John Hart, waliofanya kazi Ituri kwa miaka mingi, walichapisha mwaka 1986 uchunguzi ulioonyesha kwamba msitu huo una njaa iliyofichwa. Miti imejaa, majani yamejaa, lakini chakula cha mtu ni kidogo. Sehemu kubwa za Ituri zimetawaliwa na mti mmoja, mbau, na chini yake hakuoti vingi vya kulika. Matunda, mbegu na asali hupatikana kwa msimu. Kwa miezi karibu 5 ya mwaka hukosekana vyote, na katika miezi hiyohiyo nyama ya wanyama huwa haina mafuta. Mtu hawezi kuishi kwa nyama kavu tupu. Mwili unahitaji wanga au mafuta.

Mwaka 1989 Robert Bailey, aliyeishi na Waefe, na wenzake wakaipanua hoja hiyo kuwa swali la dunia nzima: je, kuna watu popote waliowahi kuishi katika msitu wa mvua bila mkulima karibu? Walipekua taarifa za Afrika, Asia na Amerika Kusini, wakasema hawakuona ushahidi wa kuaminika. Kwa upande wa Waefe, zaidi ya nusu ya nguvu ya chakula chao ilitoka kwenye mashamba, na wanawake wa Kiefe ndio waliokuwa wakiileta, kwa kulima na kuvuna katika mashamba ya Walese. Lugha nazo zinaunga mkono. Watu wasiokutana hawawezi kugawana lugha kiasi hicho.

Hoja hii ina nguvu ya vipimo: kilo zilipimwa, siku zilihesabiwa. Lakini ina mahali inapoteleza. Inapima watu wa karne ya 20, ambao tayari walikuwa wamezungukwa na mashamba, barabara na shoka za chuma. Anayepata ndizi kwa mwendo wa nusu siku hana sababu ya kushinda kutwa akichimba viazi vikuu vya mwituni. Kutotumia chakula fulani leo hakuthibitishi kwamba hakikutumika jana.

Ushahidi mwingine ulizidi kuidhoofisha hoja hiyo. Julio Mercader alichimba katika mapango ya miamba ya Ituri na kupata zana za mawe zinazoonyesha kwamba watu waliishi humo maelfu ya miaka kabla ya kilimo kufika. Wataalamu wa vinasaba nao wanakadiria kwamba mababu wa jamii za wawindaji wa misitu ya Kongo walitengana na mababu wa wakulima takribani miaka 60,000 iliyopita. Huko Kamerun, Yasuoka Hirokazu aliwafuata Wabaka, wawindaji wa misitu ya huko, karibu 90 katika safari ndefu ya msituni wakati wa kiangazi, na kwa zaidi ya miezi miwili waliishi hasa kwa viazi vikuu vya mwituni. Ni kweli Kamerun si Ituri, na viazi hivyo ni haba zaidi Ituri. Ila neno "haiwezekani" limepoteza uhakika wake.

Kinachobaki cha hoja ya pili ni cha thamani, nacho ni kidogo kuliko ilivyodai mwanzo: katika Ituri, kwa namna msitu ulivyo, miezi ya njaa ni ya kweli, na mashamba ya majirani yamekuwa njia rahisi zaidi ya kuivuka.

Mkulima: bwana, ndugu au mteja?

Hoja zote mbili zinamweka mkulima pembeni, kama tatizo au kama ghala. Wakulima wenyewe, Wabila, Walese, Wabudu na wengineo, wana maelezo ya tatu: Wambuti ni watu wetu. Kila ukoo wa wakulima una Wambuti wake, wanaorithiwa kutoka kizazi hadi kizazi, na mkuu wa uhusiano huo huitwa kpara. Kpara hutoa ndizi, muhogo, chumvi, vyuma na sauti ya kumtetea mtu wake mbele ya serikali. Mmbuti huleta nyama, asali, majani ya kuezekea na nguvu ya mikono.

Roy Richard Grinker, katika utafiti wake juu ya Walese na Waefe uliotoka mwaka 1994, alionyesha kwamba jambo hili halieleweki kama biashara tu. Mwefe huhesabiwa ndani ya nyumba ya Mlese, kama mtu wa nyumbani, ingawa si sawa na mwenye nyumba. Kwa Wabila kifungo kingine ni nkumbi, jando linalowakusanya wavulana wa kijiji na wa Kimbuti pamoja. Wanaotahiriwa pamoja huwa kare, ndugu kwa maisha yao yote. Msomaji anayejua desturi ya kuchanjiana atauelewa uzito huo mara moja: udugu wa aina hiyo una madai, na madai hayo hudaiwa.

Je, ni utumwa? Ukipima kwa maneno ya wakulima, yanakaribia: Mmbuti hutajwa kama mali, huitwa mtoto hata akiwa na mvi, na ujira wake huwa ni chakula cha siku badala ya fedha. Ukipima kwa vitendo, mtumwa gani humwacha bwana wake mwezi mzima bila kuaga? Mmbuti aliyechoshwa na kpara wake huingia msituni, na mkulima, ambaye kwa kawaida huuogopa msitu wa ndani, hawezi kumfuata. Hapa ndipo lilipo jambo zito la mjadala huu wote, na lisipoonekana mengine yote hupinda. Uhuru wa Mmbuti haukutoka katika kutomhitaji mkulima. Ulitoka katika uwezo wa kuondoka. Msitu ulikuwa mlango wa nyuma, na mlango huo ukiwa wazi kpara alilazimika kuwa na ukarimu ili watu wake warudi.

Kinachofunga mlango

Mlango huo umekuwa ukisukumwa tangu ukoloni. Utawala wa Ubelgiji uliwahamisha wakulima na kuwapanga kando ya barabara, ukawalazimisha kulima mazao ya biashara, na mahitaji ya vibarua yakaongezeka. Kuanzia miaka ya 1950 wachuuzi wa nyama waliingia wenyewe makambini wakiwa na unga wa muhogo na mchele wa kubadilishana. John Hart aliyaeleza mabadiliko hayo mwaka 1978. Yalimpa Mmbuti mteja mwingine badala ya kpara mmoja, na hiyo ilikuwa faida. Yalifanya pia mboloko awindwe kwa ajili ya walaji wa mjini, na mnyama aliyekuwa anagawanywa kambini akaanza kupimwa kwa vikombe vya unga.

Kisha ikaja hifadhi. Okapi, mnyama ambaye Wambuti walimjua vizazi vingi kabla wanasayansi hawajamwandika mwaka 1901, ndiye aliyeipa jina Hifadhi ya Okapi, iliyoanzishwa mwaka 1992 ikiwa na eneo la kilomita za mraba karibu 13,700 na kuingizwa katika Urithi wa Dunia mwaka 1996. Tofauti na hifadhi nyingi, hii haikuanza kwa kuwatoa watu. Uwindaji wa jadi wa wanyama wasiolindwa uliruhusiwa, na Wambuti wamekuwa waongozaji na wafuatiliaji nyayo. Palinganishwe na hifadhi ya Kahuzi-Biega, mashariki mwa Kongo, ambako Watwa, jamii nyingine ya wawindaji wa msituni, waliondolewa katika miaka ya 1970. Mwaka 2024 ulitangazwa uamuzi wa Tume ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu uliowapa haki. Huko Uganda, Watwa wa Bwindi na Mgahinga walitolewa misitu ilipogeuzwa kuwa hifadhi za taifa mwaka 1991, na Mahakama ya Katiba ikasema mwaka 2021 kwamba wanastahili fidia. Waliotolewa hawakuwa wakulima. Wengi waligeuka vibarua wasio na mahali pa kukimbilia. Hicho ndicho kinachotokea mlango wa nyuma ukifungwa kwa kufuli.

Vita vimefunga zaidi ya sheria yoyote. Mwishoni mwa 2002 na mwanzoni mwa 2003 eneo la Mambasa lilishuhudia mauaji ambayo Umoja wa Mataifa uliyachunguza, na Wambuti walikuwa miongoni mwa wahanga. Juni 2012 waasi walivamia makao ya hifadhi huko Epulu, wakaua watu na okapi 14. Miaka ya karibuni mashambulizi ya waasi wa ADF na uchimbaji wa dhahabu ndani ya hifadhi vimezisukuma familia nyingi kuelekea barabarani na kwenye kambi za wakimbizi. Msitu uliokuwa kimbilio umekuwa mahali pa bunduki.

Uzito wa hoja

Zikiwekwa kwenye mizani, hoja ya Turnbull inashinda kuhusu maana na inashindwa kuhusu chakula. Hoja ya kina Hart na Bailey inashinda kuhusu chakula cha Ituri ya leo, na inashindwa inapojaribu kuhukumu maelfu ya miaka. Hoja ya wakulima ni ya kweli kuhusu udugu, lakini inanyamazia nani anapata fungu dogo. Hakuna hata moja inayotosha kuandikia sera, kwa sababu kila moja inamtaka Mmbuti achague upande, na maisha yake yamejengwa juu ya kutochagua. Bomba la chuma la molimo na shamba la Mlese vina hadhi moja katika maisha hayo: vitu vya nje vilivyoingizwa kwenye mpango wa ndani.

Kwa hiyo sera ya kuwahamishia kando ya barabara "ili waendelee" ni kosa, hata ikija na shule nzuri. Inawapa kijiji na kuwanyang'anya mahali pa kwenda kijiji kikiwageuka. Sera ya kuwaacha ndani bila dawa wala vyeti vya kuzaliwa ni kosa vilevile, maana asiye na cheti hana sauti siku ardhi inapogawiwa. Kinachostahili kulindwa ni haki ya kwenda na kurudi. Shule ifuate kalenda ya kambi. Zahanati impokee Mmbuti bila kumtaka kpara amtambulishe. Muhimu kuliko vyote, njia za nyavu, miti ya asali na makambi ya zamani viingizwe kwenye ramani kama matumizi halali ya ardhi, hata pale ambapo hakuna shamba lililolimwa wala nyumba ya matofali.

Vyombo vya kufanyia hivyo vipo. Tangu mwaka 2014 Kongo ina utaratibu wa misitu ya jamii, unaoruhusu jumuiya kupewa eneo la hadi hekta 50,000, na sasa ipo sheria ya 2022. Hatari ni kwamba vyombo hivyo viko kwa Kifaransa na vinamtaka mwombaji awe na ofisi, kalamu na mtu wa kumjua mjini. Mkulima jirani, mwenye hivyo angalau nusu, anaweza kuuandikisha msitu wote kwa jina la ukoo wake, na Mmbuti akaingizwa kwenye karatasi kama mtu wa nyumba yake.

Kwa hiyo maofisa, makasisi, walimu na waandishi wa Ituri wana kazi iliyo ndani ya uwezo wao. Sheria hiyo ielezwe makambini kwa Kiswahili cha Mambasa, kifungu kwa kifungu, Wambuti wakiuliza na kujibiwa, wanawake wakiwemo. Na hilo lifanyike kabla ya Juni, kwa kuwa asali ikiiva kambi za wenye nyavu hugawanyika, na kila familia hushika njia yake msituni.